Mfuata-Jembe

Fuso la Dismas liliingia Mabibo saa kumi alfajiri,
kabichi za Nyandira bado zina umande mgongoni.
Nilipofungua tenga la tatu, la karoti,
kitu kikatikisika ndani ya majani.
Nikadhani panya. Nikashika ndala.

Hakuwa panya.
Alikuwa ndege, ukubwa wa limau,
mgongo rangi ya majani yaliyolala mvuani,
kifua kama chai iliyotiwa maziwa kwa kubania,
miguu mirefu, myembamba, ya aliyezoea kutembea.

Vijana wa mizigo wakacheka:
"Mama Fortunata, karoti zako zimetaga!"
Mmoja akataka kumfunga uzi, ampelekee mwanawe Kigogo.
Nikamwambia, jaribu uone.

Mimi namjua huyu.
Kwetu juu, ambako ukungu huingia ndani bila hodi
na moshi wa jiko hauna haraka ya kutoka,
alitufuata nyuma ya jembe, tuta hadi tuta,
hatua tatu na kusimama, hatua tatu na kusimama,
kama mtu anayedai chake kwa heshima.
Mama akigeuza udongo, yeye anageuza majani.
Hakuimba mtini. Aliimba chini, kichakani,
mluzi mmoja mwembamba, kisha kimya,
kisha ule ule tena,
kana kwamba mara ya kwanza hukusikia vizuri.

Nikamweka kwenye saruji.
Hakuruka.
Akapiga hatua tatu, akasimama.
Akapindua jani la kabichi, akachungulia.
Akapindua kizibo cha soda.
Akapindua risiti ya ushuru wa soko,
akaitazama upande wa pili kwa makini,
kama aliyeambiwa salio liko nyuma.
Chini ya kila kitu kulikuwa na saruji.

Jua likapanda. Joto la Dar halina adabu kwa mgeni:
akafungua mdomo, akauacha wazi,
nikauona ulimi wake, mdogo kuliko punje ya mchele.
Nikanunua barafu kwa Pazi, muuza maji,
nikaiviringisha kwenye kanga kuukuu,
nikailaza ndani ya boksi la sabuni, matundu sita kwa msumari,
majani ya karoti juu.
Mwaka wa ishirini na mbili huu niko mjini
na hakuna aliyewahi kunipoza hivyo.
Silalamiki. Nasema tu.

Saa sita Dismas akawasha gari, matenga matupu.
Nikampa boksi na elfu tano.
"Nauli ya mtoto," akasema, akizisokomeza mfukoni.
"Usimfungulie Morogoro mjini. Wala Mzumbe.
Panda naye mpaka pale wewe mwenyewe
unapoanza kutafuta sweta."

Usiku akapiga simu,
sauti inakuja vipande vipande:
"Mama Fortu, amefika! Nimefungua tu boksi,
akapaa juu, juu kabisa,
mpaka mawinguni, nikampoteza!"

Nikanyamaza.
Mfuata-jembe hapai mawinguni.
Mawingu ndiyo humshukia yeye, akiwa chini, anatembea.
Ukimfungulia hupiga hatua tatu,
husimama, huingia kichakani, basi,
kama mtu aliyetoka mara moja kununua chumvi.

"Asante, Dismas," nikasema.
Sikuuliza boksi liko wapi,
wala barafu iliyeyukia Mlandizi au Chalinze.
Mtu ameendesha tangu jana, macho mekundu,
bado akakaa akanitungia mbingu nzima
kwa elfu tano.
Huyo naye utamdai nini?

Asubuhi nilifagia kibanda.
Risiti ilikuwa bado imelala kifudifudi,
vile vile alivyoipindua.
Nikaizunguka na ufagio.